Ulingo wa Maizuru: nani anaruhusiwa kukanyaga udongo wa sumo

Mchana wa tarehe 4 Aprili 2018, katika ukumbi wa michezo wa mji wa Maizuru, mkoa wa Kyoto, meya alipanda ulingoni kuwakaribisha wageni. Wanamieleka wa sumo walikuwa katika ziara yao ya msimu wa machipuko, ile ya kuzunguka mikoani baada ya mashindano ya Osaka, na ni desturi mwenyeji ahutubie kidogo kabla ya mapambano. Meya Ryozo Tatami, mwenye miaka 67, hakuimaliza hotuba yake. Alianguka palepale alipokuwa amesimama.

Wanaume kadhaa walimzunguka. Katika video zilizopigwa na watazamaji wanaonekana wameinama, wanamgusa, wanaangaliana. Kisha mwanamke mmoja, muuguzi, anapanda kutoka pembeni, anapenya katikati yao na kuanza kumkandamiza meya kifuani kwa mpigo usiokatika, kama anavyofanya mtu aliyefundishwa kazi hiyo. Wanawake wengine wanafuata kusaidia. Hapo kipaza sauti kikasema: wanawake washuke ulingoni. Kikarudia. Kikarudia tena.

Nimeitazama video hiyo mara nyingi. Kinachoniumiza kila mara ni ile sauti yenyewe, maana haina ukali wowote. Ni sauti ya adabu, ya refa kijana anayewaomba watu washuke kwa lugha ya heshima, na chini ya miguu yao kuna mtu anayeweza kukata roho.

Tatami alikuwa amevuja damu kwenye ubongo. Alifanyiwa upasuaji, akapona, akarudi kazini. Usiku uleule wa tukio, mwenyekiti wa Chama cha Sumo cha Japani, Hakkaku, ambaye enzi zake alikuwa bingwa mkuu kwa jina la Hokutoumi, alitoa taarifa ya kuomba radhi. Alieleza kuwa refa alihamanika, na kwamba tangazo lile halikufaa hata kidogo katika jambo la kufa na kupona. Ilionekana pia kwamba baada ya mgonjwa kuondolewa, ulingo ulimwagiwa chumvi nyingi. Watu wakauliza: chumvi hiyo inasafisha nini, ugonjwa wa meya au nyayo za wanawake? Chama kikajibu kwamba chumvi humwagwa kila mtu anapoumia ulingoni, na haikuhusiana na wanawake.

Kama kisa kingeishia hapo, kingekuwa cha refa mmoja aliyeshikwa na woga. Lakini siku mbili baadaye ziara ilifika Takarazuka, mkoa wa Hyogo, mji ambao meya wake alikuwa mwanamke, Tomoko Nakagawa. Aliomba atoe hotuba ya ukaribisho akiwa ulingoni kama mameya wenzake wanavyofanya. Akakataliwa. Akasimama juu ya jukwaa dogo lililowekwa kando ya ulingo na kusema mbele ya umati kwamba yeye ni meya, ni mwanamke na ni binadamu, na kwamba kuzuiwa kwa sababu ya jinsia yake kunamuuma. Hakuna aliyekuwa anakufa Takarazuka, wala hakuna refa aliyehamanika. Lilikuwa ombi la mtu mzima mwenye cheo, limeandikwa na kupelekwa kwa utaratibu, na jibu likatoka kwa utaratibu. Siku mbili tena baadaye, Shizuoka, ikajulikana kuwa wasichana wadogo waliokuwa wakishiriki onyesho la watoto la kucheza na wanamieleka walizuiwa mwaka huo, safari hii kwa sababu iliyoitwa ya usalama.

Kwa hiyo wiki moja ilitoa matukio matatu: muuguzi, meya, na watoto. Kwangu la Takarazuka ndilo zito kuliko yote, maana ndilo linaloonyesha sheria yenyewe ikiwa imetulia na kupumua.

Kwa msomaji asiyeujua mchezo huu, inafaa aelewe ulingo wenyewe ni kitu gani. Wajapani huuita dohyo. Ni jukwaa la udongo ulioshindiliwa, na juu yake kuna duara la kipenyo cha mita 4.55 lililozungushiwa mafungu ya majani ya mpunga yaliyozikwa nusu. Anayetoka nje ya duara, au anayegusa chini kwa kiungo chochote isipokuwa nyayo, ameshindwa. Mashindano makubwa ni sita kwa mwaka, kila moja siku 15: matatu Tokyo, na mengine Osaka, Nagoya na Fukuoka. Siku moja kabla ya kila shindano ulingo huwekwa wakfu. Marefa, waitwao gyoji, huvaa mavazi meupe ya kikuhani, husoma dua za Shinto, dini ya asili ya Japani, na kuzika katikati ya duara sadaka za chumvi, mchele, ngisi mkavu, mwani na kokwa. Kisha wanamieleka watarusha chumvi kwa siku 15, watakanyaga kwa kishindo kufukuza mashetani, watasukutua kinywa kwa maji. Juu ya vichwa vyao linaning'inia paa la mtindo wa hekalu la Shinto. Mtu akisema sumo ni mchezo tu, hajawahi kuiangalia.

Katika Shinto, kama katika imani nyingi, damu ya uzazi na ya hedhi ilihesabiwa najisi, na mwiko wa wanawake uliwekwa katika milima na mahali patakatifu kadhaa. Mlima Omine, mkoani Nara, bado unawakataza wanawake kupanda kilele chake hadi leo, ingawa uko katika orodha ya Urithi wa Dunia tangu 2004. Watu wengi walipoona video ya Maizuru walidhani jibu ni hilo tu: najisi, basi.

Chama cha Sumo hakikusema hivyo. Tarehe 28 Aprili 2018, baada ya kikao cha dharura cha bodi, Hakkaku alitoa taarifa ndefu. Alikiri kosa la Maizuru na kusema panapokuwa na dharura ya uhai mwiko hauna nafasi. Kuhusu mwiko wenyewe alitaja sababu tatu zilizokuwa zikitolewa na viongozi waliomtangulia: asili ya sumo ni ibada, sumo inalinda utamaduni wa jadi, na ulingo ni mahali pa mapambano ya kweli ya wanamieleka. Akakanusha kwamba chama kinawaona wanawake kuwa najisi. Uzito akauweka kwenye sababu ya tatu: tangu zama za Edo (karne ya 17 hadi ya 19) waliopanda ulingoni ni wanaume wanaopigana, na hivyo mwanamke kutopanda likawa jambo la kawaida. Akaahidi chama kitaendelea kulichunguza suala hilo na kusikiliza maoni ya watu.

Nataka nizikague sababu hizi kwa heshima, maana zimetolewa na watu waliotoa miili yao kwa mchezo huu, na mimi mwenyewe naupenda.

Nianze na ya tatu kwa kuwa ni nyepesi. Kama ulingo ni mahali pa wapiganaji peke yao, hotuba ya meya wa Maizuru ilikuwa inafanya nini pale? Kila siku ya mwisho ya shindano, ulingoni hupanda msururu wa watu ambao hawajawahi kufunga mkanda wa sumo: magavana, mabalozi, wakuu wa makampuni, wawakilishi wa serikali, kila mmoja na kikombe chake. Tarehe 26 Mei 2019, katika ukumbi wa Ryogoku jijini Tokyo, Donald Trump alipanda ulingoni akiwa katika suti na kumkabidhi Asanoyama, bingwa wa shindano hilo, kikombe kikubwa kilichoitwa cha Rais wa Marekani. Waziri Mkuu Shinzo Abe alikuwa naye. Mke wa Trump alibaki chini. Chama kilichosema mwaka uliotangulia kwamba ulingo ni wa wapiganaji kilijipanga vizuri kabisa kumpokea mgeni huyo.

Sababu ya kwanza na ya pili zinahitaji historia, na hapa mambo yananoga.

Kitabu cha kale cha taifa, Nihon Shoki, kilichokamilika mwaka 720, kinasimulia kwamba mfalme Yuryaku aliwaamuru wanawake wa ikulu wavue nguo na kushindana mbele ya seremala mmoja aliyejigamba kuwa hakosei kamwe, ili kumvuruga mkono. Ni katika simulizi hiyo ndipo neno lenyewe la sumo linaonekana kwa mara ya kwanza katika maandishi ya Japani. Mara ya kwanza, na wanaoshindana ni wanawake. Sidai kwamba kisa hicho kinawapa wanawake heshima; mfalme aliwatumia kama kitu cha kuchezea. Lakini anayesema tangu mwanzo wa dunia hapakuwa na mwanamke katika sumo, anabishana na kitabu chake mwenyewe. Baadaye, katika zama za Edo na hata ndani ya karne ya 20, palikuwa na vikundi vya sumo ya wanawake vilivyozunguka mijini vikitoa maonyesho.

Sumo rasmi ya wanaume ilifungwa kwa wanawake, hilo ni kweli. Mpaka mwanzoni mwa zama za Meiji hawakuruhusiwa hata kuketi kutazama. Waliporuhusiwa kuingia ukumbini, hakuna paa lililoanguka.

Sasa tazama zama hizo za Meiji, kuanzia 1868. Japani ilikuwa inakimbizana na Ulaya. Wapo viongozi walioiona sumo kuwa aibu: wanaume walio nusu uchi, wenye nywele za kufunga juu, wakisukumana mbele ya wageni wa kizungu. Mchezo ulikuwa karibu kufa. Kilichouokoa ni siasa. Tarehe 10 Machi 1884 Mfalme Meiji alikwenda kuutazama hadharani, na kuanzia hapo haikuwezekana tena kuuita ushenzi. Mwaka 1909 ukumbi wa kudumu ulifunguliwa Tokyo na kupewa jina la Kokugikan, yaani ukumbi wa mchezo wa taifa. Neno hilo, mchezo wa taifa, halikutoka katika sheria yoyote. Lilitoka katika jina la jengo. Mwaka uliofuata marefa wakabadilishiwa mavazi, wakavalishwa yale ya kikale yenye kofia nyeusi tunayoyaona leo na kudhani yametoka mbali sana. Mwaka 1925 mwanamfalme mrithi, Hirohito, alitoa fedha ambazo zilitengenezea Kombe la Mfalme.

Mwaka 1928 redio ilianza kutangaza mapambano moja kwa moja. Kabla ya hapo wanamieleka wawili waliweza kuinama na kukodoleana macho kwa muda wowote waliotaka, mpaka pumzi zao zikutane. Redio haikuweza kungoja, basi ukawekwa muda. Mwaka 1931 duara likapanuliwa kutoka mita 3.94 hadi 4.55, na paa la juu likabadilishwa likafanana na hekalu kuu la Ise. Lile paa ambalo mgeni akilitazama anajiambia hapa ni mahali patakatifu tangu enzi za miungu, lina umri mdogo kuliko bibi yangu. Na mwaka 1952 nguzo nne zilizolishikilia ziliondolewa, paa likaning'inizwa kwa nyaya, watu waone vizuri. Mwaka uliofuata televisheni ikaingia.

Sisemi haya ili kuichafua sumo. Mila hubadilika, na inayobadilika ndiyo hai. Hoja yangu ni kwamba chama hiki kinajua kubadilisha. Kimebadilisha udongo, paa, mavazi, muda na idadi ya mashindano. Kila kilipobadilisha kulikuwa na mwenye nguvu aliyehitaji badiliko: ikulu, redio, televisheni, mnunuzi wa tiketi. Wanawake waliobisha hodi hawakuwahi kuwa na mwenye nguvu nyuma yao, hata walipokuwa wao wenyewe ndio serikali.

Januari 1990 Mayumi Moriyama alikuwa Katibu Mkuu wa Baraza la Mawaziri chini ya Waziri Mkuu Toshiki Kaifu, mwanamke wa kwanza kushika wadhifa huo. Kikombe cha Waziri Mkuu hutolewa siku ya mwisho ya shindano, na kwa kawaida waziri mkuu mwenyewe hafiki, hutuma mtu. Moriyama akasema ataenda yeye. Chama, wakati huo chini ya Futagoyama, kikakataa. Hebu lifikirie jambo hilo: kikombe ni cha serikali, aliyeteuliwa kukipeleka ni mjumbe wa serikali, na taasisi inayokipokea inaichagulia serikali ni nani wa kumtuma. Serikali ikanyamaza na kumtuma mwanamume.

Mwaka 2000 Fusae Ota alichaguliwa gavana wa Osaka, mwanamke wa kwanza Japani kuwa gavana wa mkoa. Kila Machi shindano linafanyika mjini kwake, na kikombe cha gavana hukabidhiwa ulingoni. Aliomba akikabidhi mwenyewe. Akakataliwa. Alikuwa gavana mpaka 2008, na katika miaka yote hiyo kikombe cha gavana kilipelekwa na mwanamume aliyemwakilisha. Ota hakuwa mwanaharakati wa mitaani. Aliingia madarakani akiungwa mkono na vyama vikubwa, pamoja na kile kilichotawala nchi. Wakubwa wa chama hicho hawakuona sababu ya kugombana na sumo kwa ajili yake.

Ninapolitazama suala hili kutoka upande huu, naona Chama cha Sumo kinabebeshwa lawama ambayo si yake peke yake. Viongozi wa siasa ndio walioufanya ulingo kuwa jukwaa la taifa. Tarehe 27 Mei 2001, Waziri Mkuu Junichiro Koizumi, akiwa na mwezi mmoja tu ofisini, alipanda ulingoni kumkabidhi kikombe Takanohana, ambaye siku iliyotangulia alikuwa ameumia goti vibaya, na bado akarudi kupigana na kumshinda Musashimaru katika pambano la ziada. Koizumi aliweka karatasi pembeni, akapaza sauti: umevumilia maumivu, umejitahidi, nimeguswa, hongera! Nchi nzima ilitetemeka. Ilikuwa miaka ya uchumi kudorora, waziri mkuu akihubiri mageuzi yenye maumivu, na hapo mbele yake amesimama kijana anayevumilia maumivu. Hakuna tangazo la uchaguzi lingeweza kununua dakika ile. Wajapani wengi wanayakumbuka maneno hayo kuliko hotuba zake za bungeni.

Mwanasiasa mwanamke hajawahi kupewa dakika kama hiyo. Hasara si ya heshima peke yake. Ulingo ni mahali ambapo kiongozi huonekana akiwa mmoja na taifa, jasho kwa jasho, na njia hiyo imefungwa kwa nusu ya wananchi. Wala ile nusu si wageni katika sumo. Kila nyumba ya mazoezi ina mke wa mkuu wa nyumba, wanamwita okamisan. Yeye ndiye anayewalea vijana wa miaka 15 waliotoka kwao, anayezungumza na wazazi wao, anayeshika mahesabu na kuwakirimu wafadhili. Mwanamieleka anapostaafu, watu aliowathamini hupanda ulingoni mmoja mmoja kukata uzi wa nywele zake kwa mkasi wa dhahabu. Mama yake mzazi hawezi kupanda. Kuna mabingwa waliomwona mama akibaki chini wakashuka wao, na wengine waliamua kufanya shughuli hiyo hotelini, ili mikono ya mama iguse nywele za mwana.

Wapo watakaojibu kwamba hili ni suala la utambulisho wa Japani, na kwamba mtu wa nje hawezi kulielewa. Nalichukulia jibu hilo kwa uzito. Najua uchungu wa kuona mila yako ikipimwa kwa mizani ya wengine. Ila tumwangalie huyo mtu wa nje. Mwaka 1972 Takamiyama, mzaliwa wa Hawaii, alichukua ubingwa, na salamu za Rais Nixon zikasomwa kwa Kiingereza juu ya ulingo. Januari 1993 Akebono, naye wa Hawaii, akawa mgeni wa kwanza kupewa cheo cha yokozuna, kilele cha sumo. Wamongolia wakafuata: Asashoryu, kisha Hakuho, aliyetwaa ubingwa mara 45, rekodi isiyokaribiwa na yeyote. Ilipofika Januari 2017 Japani ilikuwa imekaa miaka 19 bila mzaliwa wake kupandishwa kuwa yokozuna, mpaka Kisenosato. Hata Afrika ilifika: Mmisri mmoja alipigana kwa jina la Osunaarashi, maana yake dhoruba kubwa ya mchanga, akaingia daraja la juu mwaka 2013 huku akifunga Ramadhani katikati ya mashindano ya Julai. Ulingo uliowekwa wakfu kwa dua za Shinto ulimpokea Mwislamu aliyefunga, na wala haukunajisika. Kulikuwa na minong'ono, chama kikaweka ukomo wa mgeni mmoja kwa kila nyumba ya mazoezi, lakini mlango ulifunguka, kwa sababu wageni walikuwa na nguvu na kumbi zilijaa.

Kwa hiyo utambulisho wa Japani umeweza kubeba Mmongolia kama alama ya taifa, akivaa kamba nyeupe ya kihekalu kiunoni. Haujaweza kubeba gavana wa Osaka kwa dakika mbili.

Kuna jambo lingine ambalo halitajwi sana katika mjadala huu. Mwaka 1872 serikali ya Meiji ilifuta kwa amri mwiko wa wanawake katika maeneo ya mahekalu ya Shinto na Kibuddha, pamoja na milima yake. Amri moja, na milima iliyokuwa imefungwa kwa karne nyingi ikaanza kufunguliwa. Si yote iliyotii, Omine ikiwa mfano, lakini mingi ilitii. Yaani dola ya Japani ilishawahi kuugusa mwiko huu huu kwa kalamu, tena dola iliyojinadi kurudisha heshima ya Shinto. Hakuna aliyesema Japani imekoma kuwa Japani. Leo dola ina katiba ya 1947 ambayo kifungu chake cha 14 kinakataza ubaguzi wa kijinsia, na tangu 2014 Chama cha Sumo kimesajiliwa kama taasisi ya manufaa ya umma, hadhi yenye nafuu za kodi. Sioni kama serikali ingelazimika kutoa amri. Ingetosha kusema: mjumbe wetu ni huyu, mkimkataa, kikombe kinabaki ofisini.

Oktoba 2025 ilionekana kama historia imejileta yenyewe mlangoni. Tarehe 21 mwezi huo bunge lilimchagua Sanae Takaichi, mwanamke wa kwanza kuwa Waziri Mkuu wa Japani. Maana yake kikombe cha Waziri Mkuu kilikuwa, kwa mara ya kwanza, kikombe cha mtu ambaye haruhusiwi kukikabidhi.

Sitarajii, hata hivyo, kwamba yeye ndiye atakayepanda. Takaichi amepanda ngazi za siasa akiwa mlinzi wa mila. Anapinga wanandoa kuruhusiwa kila mmoja kubaki na jina lake la ukoo. Anataka kiti cha ufalme kiendelee kurithiwa kwa ukoo wa kiume. Na hoja ya ufalme ni ndugu wa toka nitoke wa hoja ya ulingo. Wanawake wanane waliwahi kutawala Japani kama wafalme, wa mwisho akiwa Go-Sakuramachi, katika karne ya 18. Sheria iliyowafungia mlango iliandikwa mwaka 1889, zama zilezile za Meiji, ikarudiwa 1947, na leo inatetewa kama kitu kisicho na mwanzo. Mwanasiasa aliyejenga jina lake juu ya ukuta huo akiutoboa upande mmoja, upande wa pili nao unaanza kuvuja. Wapiga kura wake wanalijua hilo, naye analijua zaidi. Pengine ilibidi awe mwanamke wa aina hiyo ndipo chama chake kimkubali. Simlaumu kwa imani yake. Namwona amesimama pale ambapo Moriyama na Ota walitamani kusimama, na gharama ya kunyoosha mkono ikiwa kubwa kwake kuliko ilivyokuwa kwao.

Shindano la kwanza la enzi yake lilikwisha Fukuoka tarehe 23 Novemba 2025. Siku hiyo Takaichi alikuwa Johannesburg, kwenye mkutano wa viongozi wa G20, wa kwanza kufanyika katika ardhi ya Afrika, kwa hiyo hakuna aliyelazimika kuuliza swali wala kulijibu. Ndivyo desturi ya kutuma mjumbe inavyofanya kazi: suala linaweza kuahirishwa shindano baada ya shindano, bila yeyote kukataa na bila yeyote kukataliwa. Ulingoni, Hoshoryu wa Mongolia, yokozuna, alikutana katika pambano la ziada na Aonishiki, kijana wa miaka 21 kutoka Ukraine aliyekimbilia Japani vita vilipoanza mwaka 2022. Aonishiki alishinda. Alipokea vikombe vyake juu ya ulingo, Mukraine wa kwanza kuwa bingwa, na ukumbi ulimpigia makofi kwa furaha ya dhati. Nami nilifurahi.

Na kule Maizuru, Februari 2023, Ryozo Tatami aligombea tena umeya na akashindwa. Wananchi wa mji ule walimchagua Akitsu Kamota, mwanamke wa kwanza kuwa meya wao. Ziara ya sumo ikirudi mjini hapo, hotuba ya kukaribisha wageni ni ya kwake. Kwa kanuni iliyopo ataitoa akiwa amesimama sakafuni, pembeni ya ulingo, na atakuwa na ruhusa ya kupanda iwapo tu mtu ataanguka.